Kikombe Juu ya Mwezi Mwekundu

9 Februari

Mdogo wangu,

Salamu kutoka nyumbani, na pole kwa baridi ya huko mlimani. Lori la dizeli likikufikishia barua hii, basi fahamu kwamba sisi tu wazima. Shangazi wa ghorofa ya juu anakusalimu; goti bado linamsumbua, mdomo haumsumbui hata kidogo. Mimi nipo palepale kwenye chuo cha udereva. Juzi mwanafunzi wangu mmoja, mhasibu mzima na suti yake, alipandisha gari ukingoni mbele ya kituo cha polisi, kisha akaniomba nishuke mimi nikaongee nao. Mume wangu amejaza friji mbovu za watu kwenye korido mpaka tunapita ubavuubavu.

Baba hajambo. Siku hizi yuko nyumbani, amepumzika kazi za kutengeneza lifti. Anakusalimu sana.

Nije kwenye lililonifanya niandike. Ile kompyuta yako uliyoiacha chumbani ilikufa mwezi uliopita. Mume wangu akaifungua, unamjua, akiona kitu hakiwaki hawezi kulala. Ameifufua. Katika kuijaribu akakutana na ule mchezo wako wa vyombo vya anga, akajenga roketi, ikalipuka kabla ya kuacha ardhi. Baba alikuwa amekaa nyuma yake kwenye kiti cha plastiki. Akasema, "Uzito wote umeuweka juu. Hata lifti haijengwi hivyo." Tangu siku hiyo hawaachani. Chai wanainywea humohumo.

Sasa wanauliza kuhusu modi, zile nyongeza ambazo wachezaji hutengeneza wenyewe na kuzitia kwenye mchezo. Za watu wengine wamezipata mtandaoni. Iliyokosekana ni ile yako, uliyoiita Kikombe. Kama unayo, itie kwenye flashi uitume na lori.

Ni mimi, dada yako.


2 Machi

Dada,

Nimepata barua yako pamoja na sabuni na soksi. Asante. Kituo chetu cha hali ya hewa kiko vilevile: asubuhi tunasoma vipimo vya upepo na mvua, mchana tunavituma, jioni tunagombana na jenereta. Mwenzangu wa zamu amefuga ndevu na sasa anajiona nabii. Mtandao hapa ni wa kutuma vipimo tu, kwa hiyo hizi karatasi ndizo simu yangu.

Nimefurahi kusikia Baba anapumzika. Ingawa nilishangaa. Baba huyuhuyu alisema ataacha lifti siku ambayo watu wa mji huu watajifunza kupanda ngazi. Amestaafu? Amegombana na bosi wake? Hukusema.

Na hakuniandikia. Kila barua yako huwa na mistari yake miwili mitatu pale chini, kwa ile kalamu yake nene ya fundi. Safari hii hakuna kitu. Najiambia pengine hakuwa na nafasi, maana kujenga roketi ni kazi.

Dada, wewe unakumbuka, kwa hiyo sitaeleza sana. Miaka mingapi nilicheza mchezo ule kwenye chumba kile? Nilimwita Baba aje aone nilivyotua kwenye mwezi mara ya kwanza. Alisimama mlangoni na bisibisi mkononi, akasema vitu vya kuchezea vina umri wake, akaenda zake. Leo nasikia amekaa kwenye kiti cha plastiki, anafundisha mambo ya uzito. Anamfundisha shemeji.

Mwambie mumeo asifute vyombo vyangu. Na asibadilishe picha ya kwenye skrini.

Wako.


21 Machi

Mdogo wangu,

Tunakushukuru kwa barua. Picha ya kwenye skrini ni ileile, na hakuna kilichofutwa. Shangazi anauliza kama nabii wa ndevu ana mke.

Baba amepumzika tu. Mtu akichoka anapumzika. Usiulize sana mambo ambayo ni ya kawaida.

Acha nikueleze wanachofanya, labda roho itatulia. Wamejenga chombo kirefu kama treni. Kuna modi imewapa matangi makubwa, nyingine imewapa paneli za jua zinazojikunjua zenyewe, nyingine inawahesabia safari, inachora mistari ya bluu na ya njano mpaka mimi kizunguzungu kinanishika. Baba ndiye anayechagua vipande. Mume wangu anashika panya ya kompyuta. Juzi Baba aliangalia chombo kikizunguka dunia, kimya, hakuna moshi wala kelele, akasema, "Ukiona vyaelea, vimeundwa." Wakacheka mpaka Shangazi akashuka na goti lake kuja kuuliza kuna nini.

Lakini si mchezo mtupu. Mume wangu alipofungua orodha ya safari zako za zamani alikuta moja imesimama katikati. Imeandikwa una rubani mmoja kule kwenye mwezi mwekundu, amekwishiwa mafuta, anazunguka tu. Mlimwacha huko, wewe na pilikapilika zako za kuondoka. Mume wangu alimweleza Baba kama kichekesho. Baba hakucheka. Aliuliza, "Na nani anakwenda kumchukua?" Mume wangu akasema hakuna, ni mchezo, baba mkwe. Baba akasema, "Mtu akikwama ndani ya lifti humwambii ni mchezo." Ndiyo sababu wanajenga ile treni.

Tatizo ni kwamba kile chumba alichomo rubani wako ni Kikombe chenyewe, kipande ulichokitengeneza wewe. Hukukiweka mtandaoni. Mchezo ukifika kwenye safari ile unakataa, unasema kipande kinakosekana. Bila modi yako hawawezi hata kumwona. Kwa hiyo nakuomba mara ya pili, tafadhali, itume.

Ni mimi, dada yako.


30 Aprili

Dada,

Samahani kwa kuchelewa. Daraja lilikatika na lori likakaa upande wa pili wiki nzima na zaidi, tukala maharage mpaka tukayachukia. Mwambie Shangazi nabii ana wake wawili kwa maneno yake mwenyewe, na hakuna hata mmoja anayemwandikia.

Kuhusu Kikombe, nimetafuta flashi ile na sijaiona. Huku vitu vinapotea. Nitaendelea kutafuta.

Lakini pia nijiulize, kwani lazima? Wana matangi makubwa, wana paneli, wana mistari ya bluu na ya njano. Wajenge safari yao mpya, rubani wao, mwezi wao. Ile yangu ni yangu. Niliiacha pale ilipo kwa sababu zangu, nilikusudia kurudi kuimalizia. Sikumbuki kuacha ujumbe kwamba naomba fundi wa friji aje anisaidie.

Najua hilo si neno zuri. Mumeo hajanikosea. Alipokuoa nilimbeba begani mimi mwenyewe kwenye uwanja wa sherehe, na bado namheshimu. Ila nikikaa hapa jioni na kompyuta yangu ndogo, natengeneza chombo, kikiruka vizuri nageuka kutafuta wa kumwonyesha, nakutana na ndevu. Halafu nakumbuka kwamba kule nyumbani, kwenye kiti changu, kuna mtu anaambiwa, "Hapo sawa, mwanangu." Maana najua anamwita mwanangu. Usinifiche.

Tena Baba hajaandika. Barua mbili sasa. Kama nimemkosea, aseme.

Wako.


18 Mei

Mdogo wangu,

Leo sitakusalimu sana. Sisi wazima, isipokuwa mmoja, na huyo ndiye nitakayekueleza.

Baba alipata kiharusi mwezi wa Desemba. Alikuwa kazini, juu ya lifti ya jengo la bima, anakaza nyaya. Bahati msaidizi wake alikuwepo. Mkono wa kulia haushiki kitu, mguu unajikokota, maneno yalipotea siku kadhaa kisha yakarudi, moja moja. Alipopata sauti, jambo la kwanza aliloniambia ni kwamba usijue. "Ataacha kazi," akasema. "Mkataba wake uishe kwanza." Nikaapa. Sasa nimevunja kiapo, na lawama nitaibeba mimi.

Hajakuandikia kwa sababu hawezi kushika kalamu. Nilimwambia anitajie maneno, niandike mimi, akakataa, akasema utaujua mwandiko. Sasa umeelewa kwa nini yuko nyumbani, na kwa nini mume wangu ndiye anashika panya.

Mwezi wa kwanza Baba alikuwa anaangalia ukuta. Hakutaka redio, hakutaka wageni, hakutaka mimi. Ile roketi iliyolipuka ndiyo ilimfanya aseme sentensi ndefu ya kwanza tangu augue. Nilikuwa jikoni, nikaisikia, nikakaa chini sakafuni.

Wewe unaona wivu. Basi niruhusu na mimi niseme wangu, maana nimeumeza miaka mingi. Mimi ndiye ninayemkanda mguu. Mimi ndiye ninayempeleka kwa daktari wa viungo kabla ya kwenda kufundisha watu kurudi nyuma kwenye nafasi finyu. Jioni nikirudi, Baba ananiuliza nini? Anauliza kama lori limekuja. Wewe uko mlimani, hujamvua hata soksi, na jina lako ndilo linalolala na kuamka humu ndani. Chombo chote kile kinajengwa kwa ajili ya rubani wako. Hakuna mtu, tangu mchezo ule uingie nyumba hii, si wewe, si Baba, si mume wangu, aliyewahi kuniuliza kama na mimi ningependa kushika hiyo panya.

Flashi haijapotea. Hujawahi kupoteza kitu katika maisha yako. Ulikuwa unapanga penseli kwa urefu. Sitaomba mara ya tatu.

Ni mimi.


9 Juni

Dada,

Barua yako nimeisoma nje, nyuma ya tangi la maji, ambako hakuna mtu.

Flashi imo ndani ya bahasha hii. Kikombe kimo, na maelezo yake. Kikitiwa, kipande cha mlango wa kuungania kiwekwe kwenye folda yake peke yake, la sivyo kinagombana na modi ya matangi. Shemeji ataelewa.

Nimemwendea mkuu wa kituo. Nilimwambia nataka kuondoka. Akaniambia hakuna mbadala kabla ya Septemba, labda nimshawishi nabii afanye zamu mbili. Naongea naye. Usimwambie Baba kwamba najua, au mwambie, fanya unavyoona. Mimi huku sioni chochote.

Sikujua kama ulikuwa unautaka mchezo. Ulikuwa unapita mlangoni na nguo za kufua, ukiniuliza kama nimekula. Nilidhani unaniona mjinga.

Baba anaweza kutembea mpaka wapi? Anafika dirishani?

Wako.


4 Julai

Mdogo wangu,

Salamu, na leo nakusalimu vizuri. Baba anafika dirishani, anafika na mlangoni, na Jumapili alifika kwa Shangazi, ngazi zote zile, kwa sababu lifti ya jengo letu imekufa na aliyekuja kuitengeneza, kwa maneno ya Baba, ni kinyozi. Nilimwambia kwamba unajua. Alikasirika kutwa moja, kisha akaomba samaki.

Flashi yako imefika Jumanne. Rubani tulikuwa tumeshamchukua Jumamosi.

Nieleze ilivyokuwa. Baada ya ile barua yako ya Aprili mume wangu aliacha kungoja. Alifungua faili la safari yako, akakuta ni maandishi matupu, mistari maelfu. Akaanza kutafuta kila mahali penye Kikombe. Alipima kila kipimo kutoka kwenye picha zako za zamani, upana, uzito, mlango uko wapi, akatengeneza kipande chake mwenyewe. Akakipa jina Bakuli, maana alisema hana haki ya kukiita Kikombe. Mara nyingi mchezo ulikataa. Siku moja ukakubali, na kule juu ya mwezi mwekundu tukamwona rubani wako ndani ya Bakuli, anatabasamu kama mtu aliyepanda basi sahihi.

Safari ya kwenda walifanya wao wawili. Siku ya kuungana, mume wangu akaitwa kwenye bucha, friji kubwa imekufa na nyama ya watu imo ndani. Akaondoka mbio. Chombo chetu kilikuwa kimeshaanza kukaribia chako, na Baba hakujua kukisimamisha. Akajaribu kwa mkono wa kushoto, panya ikaanguka. Nilikuwa napita na ndoo.

Akasema, "Njoo wewe. Si unafundisha watu kuegesha?"

Nikaweka ndoo chini. Mkono ulikuwa na maji, nikaupangusa kwenye gauni. Akanionyesha vitufe: hiki mbele, hiki nyuma, hiki pembeni. Mwanzoni nilibonyeza kwa nguvu, chombo kikayumba kama yule mhasibu wangu. Baba akaanza kupumua kwa sauti. Nikamwambia kile ninachowaambia wanafunzi, usishindane na gari, gusa, acha, angalia linakwenda wapi. Na yeye akaniambia lifti ikifika mlangoni lazima iwe imeshasahau kwamba ilikuwa na mwendo. Basi nikagusa, nikaacha. Nikagusa, nikaacha. Milango miwili ikatazamana, ikasogeleana polepole, kisha ikashikana. Hakukuwa na kelele yoyote. Skrini ilitikisika kidogo tu.

Rubani wako akahamia kwetu.

Baba akanigeukia. Kisha akasema, "Kumbe." Neno hilo tu. Nimekuwa nalo wiki nzima, naenda nalo kazini na kurudi nalo.

Mume wangu alirudi ananuka nyama, akaambiwa, akanipa mkono kama mwanamume mwenzake.

Flashi yako iko kwenye droo. Bado mume wangu hajaitia.

Ni mimi, dada yako.


25 Julai

Dada,

Nawasalimu wote, na wewe zaidi. Nabii amekubali kufanya zamu mbili. Amesema nimwombee kwa Shangazi, sikuelewa kama ni utani. Nitashuka na lori la katikati ya Septemba.

Nimesoma barua yako mara nyingi. Mara ya kwanza nilifurahi. Ya pili nikakasirika, nikaikunja, nikaenda kusoma kipima mvua ambacho hakikuwa na mvua. Nilitaka iwe imeshindikana. Nilitaka mkae mkiningoja, flashi ifike, wote mseme afadhali. Badala yake mmefika Jumamosi, na kitu changu kimefika Jumanne kama mtu aliyealikwa harusini akaja kukuta viti vinapangwa juu ya lori.

Na sasa wivu wangu umehama. Ulikuwa kwa shemeji, umekuja kwako. Kuungana kule mimi nilishindwa mara saba, dada, tena nikiwa na mikono miwili mikavu. Ulikuja kwa upande gani? Ulizima kile kifaa kinachonyoosha chombo chenyewe, au ulikiacha? Nieleze kila kitu, usiruke.

Halafu mwombe shemeji anitumie Bakuli. Nataka kuiona alivyoipima. Mwambie naomba, nimesema naomba.

Jambo moja hukuandika. Baada ya kuungana mlirudi, au bado mko njiani? Rubani mmemshusha wapi?

Wako.


14 Agosti

Mdogo wangu,

Salamu kutoka kwetu sote. Chumba chako nimekifagia. Friji tumezihamishia uani, kwa hiyo utapita kifua mbele.

Nilikuja kwa upande wa kivuli, na kile kifaa nilikizima, kilikuwa kinanivuta usukani. Bakuli imo kwenye flashi hii. Mume wangu ameandika maelezo kurasa tatu, kwa mwandiko wa risiti, na chini kabisa ameuliza kwa nini mlango wa Kikombe uliupindisha kidogo kushoto. Alidhani amekosea kupima, akapima tena na tena. Mjibu, hana amani.

Kuhusu rubani: tulirudi salama. Tunazunguka dunia, mafuta yapo ya kutosha, miavuli ipo, mume wangu amejenga hadi miguu ya kutulia. Kilichobaki ni kumshusha tu. Lakini hatujamshusha. Baba hataki. Kila tukifungua anaangalia dirisha la chombo, anahakikisha bwana yule yumo, kisha anasema zimeni. Nikamuuliza tunangoja nini. Akasema, "Mwenyewe aje amshushe."

Mume wangu amenuna tangu jana. Anasema yeye ndiye amefufua mashine, amejenga, amepima, amepika Bakuli kwa macho yake, na sasa heshima ya mwisho anapewa mtu aliyejificha na flashi mlimani. Nikamwambia katika nyumba hii ndivyo ilivyo, mimi nimezoea, aende akatafute kiti cha nne, ukija tukae sote.

Dada yako.